Kisiwa kiliitwa Mwanjelwa

Mwezi huu nilikuwa nimepanga kuandika kuhusu michango ya harusi, maana kadi zinaendelea kumiminika mezani kwangu kama mvua za masika. Hiyo itasubiri. Juzi juzi dada mmoja ninayefanya naye kazi alinifuata akiwa na tabasamu la siri, akaniuliza kama namfahamu fundi mzuri wa gemu hapa Mbeya. Mchumba wake ana konsoli ya mkononi ile iliyofunguliwa, gemu ziko kidogo, apdeti ziko kidogo, nyongeza nyingine hazisomi, na yeye anataka aichukue kimya kimya akaunganishiwe kila kitu kiwe faili moja safi. Sapraizi ya siku ya kuzaliwa.

Nikamwambia, shosti, vuta kiti ukae kwanza.

Nyie ambao mmekuwa nami kwenye ukurasa huu kwa muda mnajua kwamba mimi na mwenzangu ni watu wa ndoa ya mwisho wa mwezi. Mimi niko Mbeya, kazi yake iko Iringa. Kutoka Uyole mpaka Ipogolo ni zaidi ya kilomita 300, upite Igawa, upite Makambako, uonje baridi ya Mafinga, na siku hiyo imeisha. Si mbali kama Dar, lakini si umbali wa kwenda kunywa chai na kurudi. Wenye ndoa za namna hii mpo wengi, barua zenu nazisoma. Kila mmoja ana dawa yake: wengine wanapiga simu ya video wakati wa kula, wengine wanasali pamoja kwenye simu saa 3 usiku. Sisi tulikuwa na kisiwa.

Ngoja nieleze. Mimi si mtu wa gemu kivile. Nimekulia enzi za ile Brick Game ya betri mbili, ukipanga matofali mpaka vidole vinakufa ganzi, halafu akaja yule nyoka wa kwenye Nokia, basi. Wakati kaka zangu wanamalizia hela za daftari kwenye vibanda vya PlayStation 2 zilizochipiwa, wakigombania pedi za Winning Eleven, mimi nilikuwa nje nawasubiri nikiwa nimenuna. Kwa hiyo Septemba 2021 mume wangu aliporudi na Nintendo Switch ya mtumba aliyoinunua Kariakoo, niliitazama kama mke mwenza.

Ilikuwa imeshafunguliwa tayari. Hapa nitaeleza kidogo kwa ambao hamjui. Switch ilianza kuuzwa Machi 2017, na Aprili 2018 watafiti wakatangaza hadharani kwamba zile za mwanzo zina kasoro ndani ya chipu yake kuu, ile Tegra X1 inayotengenezwa na NVIDIA. Kwa kuwa kasoro yenyewe imechomwa kwenye chipu, hakuna apdeti ya kuizibia. Ukiwa na konsoli ya kundi hilo la mwanzo, unaweza kuiwasha kwa programu isiyo ya kampuni bila hata kushika bisibisi. Zilizokuja baadaye lazima zichomelewe kichipu. Yetu ni ya kundi la mwanzo, na jamaa aliyeiuza alikuwa ameshaijaza memori kadi na gemu.

Miongoni mwa gemu hizo ilikuwamo Animal Crossing: New Horizons. Hii ilitoka tarehe 20 Machi 2020, wakati dunia inajifungia ndani kwa sababu ya korona, na imeuzwa zaidi ya nakala milioni 40. Hakuna kupigana, hakuna kushinda. Unapelekwa kwenye kisiwa kitupu, unapewa hema, unachuma matunda, unavua samaki, unapanda maua, unajenga nyumba kidogo kidogo kwa mkopo kutoka kwa mnyama mmoja mfanyabiashara anaitwa Tom Nook. (Riba hana. Laiti wangekuwa hivyo wakopeshaji wetu wa mtaani.) Majirani zako ni wanyama wanaokusalimia kwa jina. Saa ya kisiwa inakwenda na saa yako halisi, na ukichagua kwamba uko kusini mwa ikweta, Juni ikifika kisiwa kinaingia majira ya baridi na theluji inaanguka. Fikiria unaitazama theluji hiyo umejifunika blanketi Forest ya Mbeya, mwezi Julai, madirisha yamefungwa yote na bado meno yanagongana. Nilinaswa hapo hapo.

Sasa sikiliza kitu kinachoifanya gemu hii iwe habari ya ukurasa huu. Konsoli moja inabeba kisiwa kimoja tu. Si kimoja kwa kila mtu. Mnaweza kuishi humo mpaka watu 8, kila mmoja na nyumba yake, lakini kisiwa ni kile kile, na yule aliyekifungua ndiye anakuwa mwakilishi wa wakazi. Huyo ndiye anayeamua daraja lijengwe wapi, ngazi ya kupandia mlimani ikae upande gani, jengo gani lihame. Wengine mnachangia hela tu. Aliyekifungua ni nani? Baba mwenye nyumba. Nilitaka daraja mbele ya mlango wangu, akaliweka karibu na makumbusho eti ndipo palipo na mpango mzuri. Tulilumbana wiki nzima kwa ajili ya daraja ambalo halipo.

Konsoli ikawa inalala Iringa mwezi mmoja, Mbeya mwezi mmoja. Anayekuja anaibeba, anayebaki anaishika. Na katikati ya kisiwa kuna ubao wa matangazo ambao mkazi yeyote anaweza kuandika. Mimi nikiwa nayo, naandika. Ikifika kwake, anasoma, anaandika yake. Mwanzoni ulikuwa utani tu: nani kaiba pichi zangu, nani kaacha nyavu ufukweni.

Halafu ukaingia mwaka 2023.

Sitaki kuanika kila kitu cha nyumbani kwangu, lakini niwape picha. Ilitokea nafasi ya mimi kuhamia Iringa. Mwenzangu aliona ni jibu la maombi, mimi niliona naambiwa niache kazi niliyoijenga kwa miaka minane. Februari na Machi simu zetu zikawa za umekula, nimekula, haya usiku mwema. Mnazijua simu hizo. Lakini konsoli, cha ajabu, haikukosa basi hata mara moja. Hata mwezi ambao hakuja, aliituma kama kifurushi, imefungwa ndani ya sweta. Nikaiwasha nikiwa na hasira zangu. Kwenye ubao kulikuwa na mstari mmoja: amepanda maua ya zambarau karibu na mlango wangu, nisiyakanyage. Nikaandika chini yake kwamba mimi si mbuzi. Mwezi uliofuata akaandika kwamba hatanilazimisha kuhama. Kwa mdomo hakuwa amelisema hilo, wala kwa simu. Tulimalizana pale, kwenye ubao wa kisiwa, taratibu, kwa sentensi fupi fupi, maana kuandika kwa kuchagua herufi moja moja kwenye kile kioo kunachosha na mtu hawezi kutukana kwa kirefu. Juni theluji ilipoanza kisiwani nikakuta koti limewekwa nje ya mlango wangu.

Agosti ikawa inakuja kumbukumbu ya ndoa yetu. Ndipo nami nikaja na akili yangu ya sapraizi.

Tulikuwa na tatizo moja sugu. Novemba 2021 gemu hiyo ilipata apdeti kubwa ya 2.0, na siku hizo hizo ikatoka nyongeza ya kulipia inaitwa Happy Home Paradise, ambayo unakwenda visiwa vingine kuwapangia wanyama nyumba za likizo. Mimi na mambo ya makochi na mapazia, si mnanijua. Nyongeza tulikuwa nayo kwenye kadi, lakini ilikuwa haifunguki. Sababu ni rahisi ukishaielewa. Gemu ya Switch huwa inakuja kwa vipande: gemu yenyewe, halafu apdeti, halafu nyongeza moja au nyingi. Kila kipande ni faili lake na kina namba yake ya utambulisho yenye tarakimu na herufi 16. Namba ya gemu mama huishia na 000, ya apdeti yake ni ile ile ila inaishia na 800, na nyongeza zina namba zao za ukoo huo huo. Konsoli inazisoma namba hizo kujua nani ni mtoto wa nani. Nyongeza yetu ilikuwa inadai apdeti ya 2.0, na sisi tulikuwa na apdeti ya zamani iliyokuja na kadi. Kwa hiyo mtoto yupo, mama yupo, wa kuwaunganisha hayupo.

Kila nikimkumbusha mume wangu, jibu ni moja: nikija mwisho wa mwezi nitaishughulikia. Miezi ishirini anakuja mwisho wa mwezi! Nikasema basi, safari hii akija akute imeshatengenezwa.

Nikaenda Mwanjelwa. Jina la kibanda silitaji, na kijana mwenyewe hana ubaya, ana heshima zake na alinipa stuli nikae. "Shikamoo dada." "Marahaba mdogo wangu." Nikamweleza. Akasema hiyo kazi ndogo, anachukua vipande vyote vitatu anaviunganisha kuwa faili moja, unasakinisha mara moja tu, hakuna tena kuhangaika. Shilingi 15,000, njoo saa kumi.

Nilivyoelewa mimi ni kwamba vitu vitachanganywa kama unavyokoroga uji, viwe kitu kimoja na vipungue nafasi. Sivyo. Baadaye nimekuja kujua kwamba faili la kuunganishwa ni kama mfuko wa sokoni: nyanya, vitunguu na karoti ziko pamoja, ila bado ni nyanya, vitunguu na karoti. Ukisakinisha, konsoli inavitoa mfukoni na kuvipanga upya kila kimoja kwa namba yake. Uzito haupungui hata kidogo. Faida yake ni usafi na kutosahau kipande, na hiyo ni faida ya kweli kwa mtu mwenye gemu nyingi. Hasara yake ni kwamba kesho ikitoka apdeti nyingine, mfuko wako umeshapitwa na wakati, unaanza tena.

Na kuna jambo la pili ambalo ndilo lililotumaliza. Memori kadi yetu ilikuwa imefomatiwa kwa mtindo wa FAT32, ambao watu wa konsoli hizi wanaupenda kwa sababu hauharibiki kirahisi. Lakini FAT32 haipokei faili moja linalofika GB 4. Vipande vikiwa mbalimbali unaweza kujibanza. Ukivitia kwenye mfuko mmoja, mfuko hauingii mlangoni. Njia ya upole ni kulikata faili vipande vipande, au kulisakinisha moja kwa moja kutoka kwenye kompyuta. Kijana wetu akachagua njia ya mkato: akanakili gemu zote kwenye kompyuta yake, akaifomati kadi upya kwa mtindo wa exFAT, akarudisha gemu. Gemu zote, narudia. Alikuwa makini kabisa, hata moja haikupotea.

Lakini sevu hakuzinakili.

Kwa Switch ya kawaida, ile ambayo haijaguswa, sevu zinakaa kwenye memori ya ndani ya konsoli. Kadi unaweza kuitupa mtoni Sisimba, ukanunua nyingine, ukapakua gemu upya, na maisha yako yako pale pale. Kijana alijua hivyo na hakukosea. Isipokuwa konsoli nyingi zilizofunguliwa hazitumii memori ya ndani yenyewe. Wenye akili huwa wanatengeneza nakala ya memori hiyo, wanaiweka kwenye kadi, konsoli inaishi humo, ili hata ikichafuka ile halisi ibaki salama. Jamaa wa Kariakoo alikuwa mwenye akili. Nakala hiyo inaweza kuwa sehemu iliyofichwa ya kadi ambayo Windows haikuonyeshi vizuri, au folda tu. Yetu ilikuwa folda. Kijana aliiona, ina mafaili makubwa yenye majina yasiyoeleweka, akadhani ni takataka za fundi aliyepita.

Saa kumi nikaichukua. "Dada imekubali, nimeijaribu kidogo." Nikalipa, nikanunua na keki njiani, nikafika nyumbani nikaiwasha. Gemu ikafunguka vizuri kweli, haraka, bila onyo lolote. Kisiwa kikatokea. Kina mahema matatu na miti tu. Juu yake limeandikwa jina: Mwanjelwa.

Kumbe kwenye kuijaribu kidogo alikuwa amecheza mpaka usiku wa kwanza, ule ambao mnakaa kwenye moto mnakipa kisiwa jina. Alikuwa ameshakuwa mwakilishi wa wakazi. Nilicheka kwanza, naapa, nilicheka kwa sauti. Halafu nikaanza kutafuta kisiwa chetu kilipo, nikatafuta kama mtu anayetafuta pochi kwenye mkoba, nikakung'uta kila kona. Picha za skrini nazo zilikuwa kwenye kadi hiyo hiyo. Nikarudi Mwanjelwa mbio na bajaji. Akajaribu programu ya kurudisha mafaili yaliyofutwa, lakini alikuwa ameshaandika gemu zote juu yake. Kijana wa watu alitaka kunirudishia hela. Sikuichukua.

Nikampigia mwenzangu. Nikamweleza yote, haraka haraka, nikitanguliza kwamba nilitaka kumfurahisha. Akanyamaza muda mrefu mpaka nikadhani mtandao umekata. Hakuuliza nyumba, hakuuliza hela tulizokuwa nazo benki ya kisiwa, hakuuliza hata makumbusho yake aliyoyajaza samaki mmoja mmoja kwa miaka miwili.

Akasema, "Na ule ubao?"

Mpenzi msomaji, mwaka ule sikuwahi kujisikia vibaya kama dakika ile. Maana hapo ndipo nilipoelewa kwamba na yeye alikuwa anausoma kama mimi.

Sasa kabla sijaendelea, tusidanganyane. Kuna mtu anasoma hapa anasema, si mngenunua gemu halali? Kweli. Mimi nimeshaandika kwenye ukurasa huu, zaidi ya mara moja, kuwapigia kelele wanaodurufu filamu za Kibongo na kuwanyonya wasanii wetu, nikataja Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 na kuwasifu COSOTA. Halafu nyumbani kwangu kuna kadi imejaa kazi za watu wa Kyoto ambazo hatujazilipia. Tulipotaka kulipa kadi ya benki ilitusumbua, duka lao la mtandaoni halikuwa na Tanzania kwenye orodha ya nchi, lakini hicho ni kisingizio na ninakijua. Kuifungua konsoli yako na kudurufu gemu uliyoinunua ni mjadala. Kuchukua ya mtu bure si mjadala. Na wenye mali hawacheki. Februari 2022 mtu mmoja wa kundi la Team Xecuter, waliokuwa wanauza vifaa vya kufungulia konsoli, alihukumiwa Marekani kifungo cha miezi 40. Machi 2024 watengenezaji wa Yuzu, programu ya kuchezea gemu za Switch kwenye kompyuta, walikubali kulipa dola milioni 2.4. Na Mei 2025, mwezi mmoja kabla Switch 2 haijatoka, Nintendo waliandika kwenye masharti yao kwamba wanaweza kukizima kifaa cha anayevunja masharti hayo. Siku hizi kikasha cha gemu hiyo tumekinunua, kwa mjomba aliyekuwa anarudi kutoka Uingereza. Gemu nyingine, bado. Nasema ukweli.

Mnaona pia kwa nini hatukuwa na pa kukimbilia. Gemu nyingi za Switch ukilipia huduma ya mtandaoni zinahifadhi sevu zako huko mawinguni. Animal Crossing haimo kwenye utaratibu wa kawaida, ina utaratibu wake maalumu wa kukihifadhi kisiwa, nao unataka usajili huo huo na konsoli iliyoungwa mtandaoni. Konsoli iliyofunguliwa ukiiunga mtandaoni unajitafutia kufungiwa. Kwa hiyo mwenye konsoli kama yetu ni lazima awe mlinzi wa mali yake mwenyewe, kwa mkono wake.

Na mwenzangu, kumbe, aliwahi kuwa mlinzi mara moja. Siku ya tatu baada ya simu ile alinitumia ujumbe: kwenye laptopu yake amekuta nakala ya sevu ya kisiwa, ya tarehe 18 Desemba 2022. Alikuwa anajaribu programu fulani siku hiyo, akasahau. Kisiwa kipo, basi, ila ni kisiwa cha miezi minane nyuma. Kabla ya Februari. Maua ya zambarau hayapo, koti halipo, na ubao una utani wa pichi tu.

Hapo tukagawanyika. Yeye alitaka tukirudishe. Mimi nilisema hapana, tuanze upya, tena safari hii nifungue mimi. Nilijitetea kwa hoja ya daraja, lakini ukweli ni kwamba niliogopa kukiona kisiwa kile kikiwa hakijui kilichotupata. Na vyote viwili haiwezekani, si nimewaambia, konsoli moja kisiwa kimoja. Tulizungumza simu siku nne. Nikagundua kwamba tunazungumza. Si umekula, nimekula. Alisema jambo ambalo sijalisahau: kwamba kilichomuuma zaidi si fundi wala kadi, ni kwamba kitu chetu wawili nilikipeleka sokoni bila kumwambia. Nikamjibu kwamba na yeye daraja aliliweka bila kuniuliza. Tukacheka kidogo, si sana.

Yule dada wa kazini aliponifikisha hapa aliniuliza, sasa mimi nifanyeje? Nikamwambia sikukatazi. Ila sapraizi yako ifanye kwa keki, konsoli iache mezani mkae nayo wote. Kabla ya mtu yeyote kuigusa ile kadi, iingizwe kwenye kompyuta na inakiliwe nzima, na folda ambazo hamzielewi zikiwa za kwanza. Muulizeni fundi swali moja: sevu zinakaa wapi? Akijibu haraka bila kuiwasha konsoli aangalie, kunyweni chai yenu mwondoke. Vipande vya gemu, apdeti na nyongeza vihifadhiwe vikiwa mbalimbali hata kama mnataka mfuko mmoja, maana mfuko unatengenezwa tena dakika kumi, na gemu unaipata tena popote. Na apdeti ikishapanda, msirudi nyuma, maana sevu iliyoandikwa na apdeti mpya inaweza kuikataa gemu ya zamani. Kinyume chake hakuna shida. Sevu ya zamani inapokelewa na apdeti mpya. Sisi hiyo ndiyo iliyotuokoa.

Maana Ijumaa ya pili mume wangu alishuka kutoka basi la Iringa na laptopu begani. Tulikula kwanza, wali wa Kyela na maharage, halafu tukakaa chini kwenye mkeka. Akaunga waya. Kabla hajabonyeza akanigeukia: "Mwanjelwa tuifute?" Nikamwonea huruma yule kijana na moto wake wa kambi. Nikabonyeza mimi.

Kisiwa kikafunguka. Miezi minane hakijaguswa. Magugu yalikuwa mpaka mlangoni, nyumba yangu imejaa mende wanakimbia, nywele zetu zimesimama kama watu waliotoka usingizini. Nyongeza ilikuwa imekubali, hiyo ya makochi na mapazia, lakini hakuna aliyeikumbuka. Jirani wa kwanza, bata mmoja mnene, akaja mbio kutusalimia, akasema hajatuona miezi minane, tulikuwa wapi siku zote?

Mume wangu akaniangalia. "Mwambie tulisafiri."

Tukapokezana konsoli mpaka saa 7 usiku, yeye anang'oa magugu kando ya mto, mimi nakanyaga mende. Siku hizi kila kabla ya basi tunanakili sevu, moja inabaki kwenye laptopu yake Iringa, nyingine kwenye flashi yangu ya ofisini. Usiku ule, wakati anataka kuizima, nikamuuliza habari za daraja langu.

Akasema tutaliongelea mwisho wa mwezi.